Mlalamikaji Aliyeponzwa na Ufasaha Wake: Hoja ya Kuisoma Fasihi ya Misri ya Kale kama Fasihi

Maandishi ya ustaarabu wa kale humfikia msomaji yakiwa yameshagawiwa kazi. Mwanahistoria huyatafutia majina ya wafalme na mwenendo wa mahakama, mwanaisimu huyachambulia sarufi, na mtaalamu wa dini huyadondolea majina ya miungu. Mhakiki wa fasihi hufika wa mwisho, akaachiwa kusema maneno machache kuhusu uzuri wa lugha. Utaratibu huo unapaswa kupinduliwa. Kwa matini nyingi za kale, uhakiki wa fani ndio mlango wenyewe, na anayeupita pembeni hukosea hata historia anayoitafuta. Nitalithibitisha hilo kwa kisa kimoja cha Misri ya Kale, kisa cha Khunanup, ambacho wataalamu wamezoea kukiita hadithi ya Mkulima Mfasaha. Kilitungwa katika zama za Ufalme wa Kati, chini ya wafalme wa nasaba ya 12, zaidi ya miaka 1000 kabla ya tenzi zinazohusishwa na Homer.

Khunanup anaishi katika bonde la magadi magharibi mwa mto Nile, mahali panapojulikana leo kama Wadi Natrun. Chakula kinakaribia kwisha. Anamwambia mkewe apime shayiri iliyobaki ghalani: sehemu yake na watoto, na sehemu ya kumtengenezea yeye mkate na pombe ya safari. Kisha anawapakia punda wake magadi, chumvi, ngozi na mimea ya porini, anashuka kwenye bonde la Nile kwenda kubadilisha kwa nafaka. Njiani anamkuta Nemtinakht, mtu aliye chini ya Rensi, msimamizi mkuu wa mali za mfalme. Nemtinakht anawatamani wale punda. Anatandika kitambaa cha kitani juu ya njia nyembamba, upande mmoja maji, upande wa pili shamba lake la shayiri. Khunanup hawezi kukanyaga nguo ya mwenyewe, hawezi kupita majini. Anapita ukingoni mwa shamba, na punda mmoja anang'ata shayiri kidogo. Hiyo ndiyo hatia. Punda wote wananyang'anywa, mwenyewe anachapwa kwa fimbo mbichi, na anapolia anaambiwa anyamaze.

Anasihi kwa siku kumi bila kusikilizwa, halafu anakwenda mjini Herakleopolis kumshtakia Rensi. Hapo hadithi inageuka. Rensi anavutiwa mno na usemi wake hata anakwenda kumwarifu mfalme Nebkaura. Mfalme anaamuru mambo mawili: mlalamikaji asijibiwe, ili aendelee kusema, na kila asemalo liandikwe. Wakati huohuo mkewe na watoto wapelekewe chakula, naye apewe mkate na pombe kila siku bila kujua vinatoka kwa nani. Khunanup anarudi mara ya pili, ya tatu, hadi ya tisa. Kila anapozidi kusema vizuri, ndivyo anavyozidi kuzuiliwa.

Hili ndilo fundo la hadithi nzima, na sioni kama limepewa uzito unaostahili. Mtunzi ameunda hali ambamo haki na sanaa zinagombana. Haki ya Khunanup ingeweza kutolewa siku ya kwanza. Ushahidi haukuwa na utata. Inacheleweshwa kwa sababu tajiri na mtawala wamepata burudani. Na sisi wasomaji tumo ndani ya hatia hiyo, maana bila ucheleweshaji ule hotuba tunazozifurahia zisingekuwepo. Mtunzi hakuficha jambo hili. Hati tunayoisoma ni mwangwi wa ile ambayo makarani wa Rensi waliiandika kwa siri, na mwishoni hotuba zote zinasomwa kwa sauti kutoka kwenye gombo jipya mbele ya mlalamikaji mwenyewe, aliyekuwa akidhani ameitwa kuadhibiwa.

Wasomaji wengi wa kisasa wamechoshwa na hotuba hizo tisa. Malalamiko yao ni kwamba zinarudia jambo lilelile na kwamba mtunzi alikuwa akionyesha msamiati tu. Anayesema hivyo hajafuatilia mwendo wake. Hotuba ya kwanza ni ya sifa: Rensi ni baba wa yatima na mume wa mjane, na safari yake katika ziwa la haki itakuwa na upepo mwanana. Ya tatu inaanza kwa sifa kubwa zaidi, inamfananisha na mungu Jua, kisha inageuka kuwa shutuma kali hadi Rensi anawaamuru walinzi wamchape mijeledi. Ya nne inatolewa nje ya lango la hekalu la mungu Herishef, na hapo mkulima anazungumza kama aliyekata tamaa na watu. Katika ya saba anaeleza kwa nini anasema: kifua kilimjaa, yakamwagika kama maji ya bwawa lililobomoka. Ya tisa inamalizikia kwenye tishio tulivu la kutisha, kwamba sasa atakwenda kumshtaki Rensi kwa Anubis, mungu wa wafu. Maana yake ni kwamba yuko tayari kufa. Takriri iliyomo humo ni ya mtu anayepanda ngazi, na kila daraja inamgharimu.

Tazama pia jinsi sitiari zilivyosukwa. Hadithi inaanza kwa mke anayepima shayiri ghalani. Ni tendo dogo la nyumbani, na msomaji mwenye haraka hulipita. Lakini kuanzia hapo vipimo vinatawala usemi wa Khunanup: pishi, mizani, timazi. Anamfananisha hakimu na mizani yenyewe, ulimi wake ukiwa timazi na midomo yake ikiwa mikono ya mizani hiyo, na anauliza itakuwaje mizani ikipinda. Anazungumza juu ya mpimaji nafaka anayejipunjia pembeni. Kipimo cha haki alichokitumia maskini kugawa shayiri ya mwisho kati yake na watoto wake kinasimama kama hukumu dhidi ya wakuu wa mji. Ufundi huu hauonekani kwa mtu anayesoma hotuba moja moja akitafuta methali za kunukuu, na ndivyo matini hii ilivyotumiwa mara nyingi.

Sasa turudi kwa mwanahistoria. Hadithi hii imetajwa kama ushahidi kwamba katika Misri ya Kale mnyonge aliweza kumkabili mkubwa, na wengine wameisoma kama sauti ya wakulima. Tafsiri zote mbili zinahitaji tahadhari. Nebkaura ni mfalme wa Herakleopolis, katika kipindi ambacho Misri ilikuwa imegawanyika. Mtunzi aliyeishi chini ya nasaba ya 12 alichagua kuiweka dhuluma katika wakati uliopita na katika utawala ambao haukuwa wa mabwana zake. Umbali huo ulimpa nafasi ya kusema. Tena, aliyeandika alikuwa mtu wa tabaka la makarani, na mkulima wake anazungumza kwa balagha ya hali ya juu ya watu wa darasani. Kwa hiyo matini haitupi sauti ya mkulima halisi. Inatuonyesha jambo jingine lenye thamani kubwa: watu wenye madaraka, katika lugha yao bora kabisa, walikuwa tayari kusikiliza shutuma dhidi yao na kuzitunza. Hitimisho hilo ni la kihistoria, lakini limefikiwa kwa njia ya fani.

Suala la nakala nalo lina uzito. Hadithi imetufikia katika magombo manne ya mafunjo yaliyoandikwa kwa hati ya hieratiki. Mawili yako Berlin tangu karne ya 19. La tatu, ambalo nalo limo Berlin, lilitoka katika sanduku lililofukuliwa na James Quibell huko Ramesseum, Thebes, mwaka 1896, pamoja na maandishi ya uganga na tiba. La nne liko London. Hakuna hata moja lililo kamili. Mwanzo umeungwa kutoka gombo moja, katikati kutoka jingine, na mwisho umeharibika, hivi kwamba orodha ya mali za Nemtinakht alizokabidhiwa Khunanup inasomeka kwa mapengo. Matoleo ya kisasa huunganisha yote hayo hadi msomaji akadhani ana kitabu kizima mkononi. Mtafiti wa fasihi ya Kiswahili hapaswi kudanganyika, kwa sababu anajua nakala za utenzi wa Al-Inkishafi zinavyotofautiana kwa idadi ya beti, na anajua kuwa kila hati ni tukio la usomaji. Gombo la Ramesseum lina hadithi ya Khunanup upande mmoja na ya Sinuhe, mtumishi wa kasri la mfalme aliyetoroka, upande wa pili. Mmoja anakwenda Misri kutafuta nafaka na kuishia kudai haki, mwingine anaikimbia kwa hofu. Aliyekuwa na gombo hilo alizisoma pamoja, na nadhani nasi tungefaidika kufanya hivyo.

Wamisri wenyewe hawakuiacha hadithi hii katika makumbusho. Mwaka 1970 mwongozaji Shadi Abdel Salam aliitengenezea filamu fupi, na usemi wa Khunanup ukasikika tena kwa Kiarabu.

Kwa Kiswahili, Sofokile tunaye tangu mwaka 1971, Samuel Mushi alipotoa Mfalme Edipode, na Shakespeare tunaye tangu Nyerere alipochapisha tafsiri yake ya Julius Caesar mwaka 1963. Ugiriki ya kale imepata kiti katika fasihi yetu ya tafsiri. Misri ya kale, ambayo ni ya bara hili na ni ya zamani zaidi, inastahili kiti chake. Idara za Kiswahili na za fasihi katika vyuo vikuu vyetu zimlete mtaalamu wa lugha ya Misri ya Kale akae na mshairi wa Kiswahili, watafsiri hotuba zote tisa kutoka kwenye magombo yenyewe, bila kuruka hata moja kwa kisingizio cha marudio, na waonyeshe wazi kila pengo. Kisha tafsiri hiyo isomwe kwa sauti darasani, maana mtunzi aliiandika kwa ajili ya masikio.