Rekodi za Klabu za Soka za Wanawake Afrika Mashariki, Zikitazamwa Kutoka Mwatate

Bao huingia katika historia ya mashindano pale tu panapokuwa na ligi inayotambuliwa, mwamuzi aliyeteuliwa rasmi, karatasi ya mchezo iliyotiwa saini na ofisi inayoihifadhi karatasi hiyo. Likikosa hayo, hubaki vichwani mwa waliolishuhudia na hupotea pamoja nao. Kwa sababu hiyo, umri wa rekodi za klabu za wanawake katika Afrika Mashariki haulingani hata kidogo na umri wa mchezo wenyewe, na msomaji anayezipitia takwimu hizo bila kuuliza ni lini kuhesabu kulianza na ni nani aliyekuwa akihesabu anaweza kudhani kwamba wanawake wa eneo hili waliugundua mpira juzi. Mwatate, makao makuu ya Kaunti ya Taita Taveta, panafaa sana kuwa mahali pa kuutazamia mkasa huu. Mji huo umo katika barabara itokayo Voi kwenda Taveta na mpaka wa Tanzania, hapo inapochepuka njia ya kupanda Wundanyi, nao uko nje ya vituo vyote vikubwa ambako mataji ya wanawake yamekwenda, huku ukipakana kwa karibu na nchi ambayo klabu zake zimetwaa mataji mengi zaidi ya ukanda huu.

Pengo la kwanza linaonekana katika tarehe za kuanzishwa kwa mashindano. Barani Ulaya, kombe la klabu bingwa za wanaume lilianza mwaka 1955, ilhali klabu za wanawake zilisubiri hadi msimu wa 2001/02 kupata kombe lao, ambalo tangu msimu wa 2009/10 linaitwa Ligi ya Mabingwa ya Wanawake. Kati ya tarehe hizo mbili mna miaka 46. Afrika ilichelewa zaidi: mashindano ya klabu bingwa za wanaume yalianza mwaka 1964 na yale ya wanawake mwaka 2021, yaani baada ya miaka 57. Katika ukanda wa CECAFA, ambalo ni baraza la vyama vya soka vya Afrika Mashariki na Kati, klabu za wanaume zimekuwa na kombe lao tangu mwaka 1974, Simba ya Dar es Salaam ilipokuwa bingwa wa kwanza, lakini mashindano ya kanda ya klabu za wanawake hayakuchezwa kabla ya 2021, miaka 47 baadaye. Katika miaka hiyo yote mpira ulichezwa, mabao yalifungwa na washindi walishangiliwa, lakini hapakuwa na daftari la kimataifa la kuyaandika.

Ucheleweshaji huo haukuwa wa Afrika peke yake, wala haukutokana na uhaba wa watazamaji. Tarehe 26 Desemba 1920, katika uwanja wa Goodison Park mjini Liverpool, watu wapatao 53,000 walihudhuria mechi ya Dick, Kerr Ladies dhidi ya St Helens, na chini ya mwaka mmoja baadaye, Desemba 1921, chama cha soka cha Uingereza kilizipiga marufuku timu za wanawake kutumia viwanja vya klabu wanachama wake, marufuku iliyodumu takribani nusu karne. Ujerumani Magharibi nayo iliweka katazo kama hilo mwaka 1955 na kuliondoa mwaka 1970. Inapotajwa kwamba watazamaji 91,648 waliingia Camp Nou mwezi wa Aprili 2022 kuishuhudia Barcelona ikiifunga Wolfsburg mabao 5 kwa 1, idadi kubwa kuliko zote katika historia ya Ligi ya Mabingwa ya Wanawake hadi wakati huo, ni haki kukumbuka kwamba kabla ya rekodi hiyo kuna miongo mitano ambayo hesabu yake ilizuiwa kwa amri.

Katika Kenya hapakuhitajika amri ya namna hiyo, kwa kuwa njia zilizouleta mpira zilikuwa za wanaume tangu mwanzo. Soka lilienea kwa misheni, shule za bweni, reli, majeshi na kambi za wafanyakazi, na milima ya Taita ilifikiwa mapema na karibu njia hizo zote: wamishonari wa Kianglikana walifika Sagalla mwaka 1883, wa Kikatoliki wakaanzisha misheni ya Bura, karibu na Mwatate, mwaka 1892, na wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia reli ya kijeshi ilijengwa kutoka Voi kupitia Mwatate kuelekea Taveta. Kombe la Gossage, lililoshindaniwa na Kenya na Uganda kuanzia mwaka 1926, liliipa soka ya wanaume kumbukumbu zinazohesabika karibu miaka mia moja sasa. Wasichana, kwa upande wao, walifundishwa netiboli, na kwa vizazi kadhaa huo ndio ulikuwa mchezo wa timu uliotengewa muda na mwalimu katika shule zao.

Soka ya wanawake iliyopangwa kitimu ilikuja kuonekana kwa uwazi katika miongo miwili ya mwisho ya karne ya ishirini, na mara nyingi haikuletwa na vyama vya soka. Zanzibar ilikuwa na timu ya Women Fighters tangu mwaka 1988. Jijini Nairobi, chama cha michezo cha vijana wa Mathare, MYSA, kilichoanzishwa mwaka 1987, kiliingiza timu za wasichana katika ligi zake mwanzoni mwa miaka ya 1990, na humo ndimo alimokulia Doreen Nabwire, ambaye baadaye alicheza Ujerumani na Uholanzi. Pwani, shirika la Moving the Goalposts lilianza Kilifi mwaka 2001, mwaka uleule ambao Ulaya ilianza kombe lake la klabu za wanawake. Ulinganifu huo wa tarehe unaonyesha jambo kubwa: wakati Frankfurt ikijiandaa kuwa bingwa wa kwanza wa Ulaya, wasichana wa Pwani ya Kenya nao walikuwa uwanjani, ila mechi zao hazikuwa na ngazi ya kuzipandisha kutoka kijiji hadi taifa, na kutoka taifa hadi bara.

Ngazi hiyo ilikamilika mwaka 2021. Mashindano ya kwanza ya CECAFA yalichezwa Nairobi, na Vihiga Queens ya Kenya iliifunga CBE ya Ethiopia, timu ya benki ya biashara ya nchi hiyo, mabao 2 kwa 1 katika fainali, ikaenda Misri kuwa klabu ya kwanza ya ukanda huu kushiriki Ligi ya Mabingwa ya Wanawake ya Afrika. Mwaka 2022 Simba Queens iliishinda She Corporates ya Uganda jijini Dar es Salaam kwa bao moja bila. Mwaka 2023 JKT Queens ya Tanzania iliishinda CBE nchini Uganda kwa mikwaju ya penalti, ambayo ni mapigo yanayoamua mshindi timu zikitoka sare. Mwaka 2024 CBE ikapata taji lake nyumbani Addis Ababa kwa kuifunga Kenya Police Bullets. Na mwaka 2025 JKT Queens ikarudi kileleni jijini Nairobi, ikawa klabu ya kwanza kutwaa taji hilo mara mbili. Kati ya mataji matano, basi, Tanzania imechukua matatu, Kenya moja na Ethiopia moja. Nafasi ya juu kabisa ambayo klabu ya CECAFA imeifikia barani ni ya nne, iliyopatikana na Simba Queens nchini Morocco mwaka 2022, ilipopoteza nusu fainali kwa Mamelodi Sundowns ya Afrika Kusini na kisha medali ya shaba kwa Bayelsa Queens ya Nigeria.

Katika orodha hiyo mna jambo ambalo jedwali halilionyeshi. Mwaka 2022 hapakuwa na klabu ya Kenya kabisa, kwa kuwa nchi ilikuwa imesimamishwa na FIFA kuanzia Februari hadi Novemba mwaka huo kutokana na mvutano juu ya uongozi wa shirikisho. Katika takwimu, klabu isiyoshiriki na klabu iliyoshindwa mapema zinaweza kuonekana sawa, yaani hazina taji. Katika maisha ya wachezaji, ni mambo mawili yasiyokaribiana, na mwanahistoria mwangalifu hana budi kuyatenganisha.

Uangalifu huohuo unahitajika rekodi za Afrika zinapowekwa kando ya zile za Ulaya. Lyon ya Ufaransa imetwaa mataji 8 katika mashindano 24 yaliyofanyika hadi mwaka 2025, yaani theluthi moja kamili, wakati Mamelodi Sundowns na AS FAR ya Morocco kila moja ina mataji 2 kati ya 5, sawa na asilimia 40. Lakini asilimia inayotokana na mashindano matano ni dhaifu, kwa sababu fainali moja ikigeuka inabadilisha picha yote. Rekodi za wafungaji nazo zina kipimo tofauti. Ada Hegerberg wa Norway alifunga mabao 15 katika msimu wa 2017/18, ambao Lyon ilicheza mechi tisa, na mwaka 2019 akaipita rekodi ya jumla ya Anja Mittag wa Ujerumani, aliyekuwa na mabao 51 katika mashindano hayo. Evelyn Badu wa Hasaacas Ladies ya Ghana alikuwa mfungaji bora wa Afrika mwaka 2021 kwa mabao 5, lakini timu yake ilicheza mechi tano tu katika nchi moja mwenyeji kwa muda wa takribani wiki mbili, na mechi tano ndizo nyingi zaidi ambazo klabu yoyote inaweza kucheza katika fainali hizo. Anayesema kwamba 15 ni mara tatu ya 5 amehesabu sawasawa, ila hajasema lolote juu ya ubora wa washambuliaji hao wawili.

Swali linalowahusu zaidi watu wa Mwatate ni kwa nini mataji yamekwenda yalikokwenda. Jibu lililo dhahiri, jiji kubwa, halitoshi, kwa sababu Vihiga Queens iliyotawala Ligi Kuu ya Wanawake ya Kenya mwaka 2017, 2018 na 2019 inatoka kaunti ya vijijini magharibi mwa nchi. Klabu hiyo iliungwa mkono na serikali ya kaunti yake, na jiografia nayo iliisaidia: eneo la Vihiga halifiki kilomita za mraba 600, kwa hiyo mchezaji anaweza kutoka karibu kila kijiji, akafanya mazoezi na kurudi nyumbani siku hiyohiyo. Taita Taveta ina zaidi ya kilomita za mraba 17,000, zaidi ya asilimia 60 zikiwa ndani ya mbuga za Tsavo, na wakazi 340,671 kwa sensa ya mwaka 2019 waliotawanyika milimani na katika miji ya barabarani. Timu ya Taveta inayokwenda kucheza Voi husafiri zaidi ya kilomita 100 bila kutoka kauntini mwake, na timu ya Mwatate inayopangwa na wapinzani wa Mombasa hukabili safari ndefu zaidi ya hiyo, pamoja na chakula na pengine malazi ya wachezaji zaidi ya ishirini.

Gharama hiyo huingia moja kwa moja katika takwimu. Timu inapokosa nauli na kushindwa kufika uwanjani, mpinzani hupewa pointi tatu na mabao ya mezani, yaani mabao yanayoandikwa bila mpira kupigwa. Mabao hayo huongezwa katika tofauti ya mabao, ambayo ni yale timu iliyofunga yakitolewa yale iliyofungwa, na huweza kuamua nani anapanda daraja. Jedwali la mwisho wa msimu, kwa hiyo, huchanganya uwezo wa kucheza na uwezo wa kulipia matatu. Karatasi ya mchezo yenyewe, iliyo na majina ya wachezaji, namba za jezi, kadi na dakika za mabao kwa mkono wa mwamuzi, katika ligi za chini ni nadra kuchapishwa baada ya kufika ofisini. Matokeo hubaki kuwa namba mbili tu, na jina la binti aliyefunga mara tatu milimani Taita halimfuati anapohamia ligi ya juu.

Ng'ambo ya mpaka, mwendo mfupi kutoka Taveta hadi Moshi, historia ilichukua njia nyingine. Ligi Kuu ya Wanawake ya Tanzania Bara ilianza msimu wa 2016/17, na bingwa wa kwanza alikuwa Mlandizi Queens, klabu ya mji mdogo wa Mkoa wa Pwani. Baada ya hapo taji limezunguka kati ya JKT Queens, timu ya Jeshi la Kujenga Taifa, na Simba Queens, tawi la klabu yenye mashabiki mamilioni. Kenya imefuata mkondo unaofanana, Kenya Police Bullets ilipotwaa ubingwa wa 2023/24. Jeshi, polisi, benki na klabu kongwe ya wanaume vina kitu ambacho timu ya mtaani haina: mchezaji huwa na mshahara au ajira, na basi la timu halitegemei mchango. TP Mazembe ya Lubumbashi, mji wa Kongo ambako Kiswahili ndicho lugha ya mtaani, ilithibitisha hilo mwaka 2024 ilipoifunga AS FAR bao moja bila, ikawa klabu ya tatu Afrika, baada ya Mamelodi Sundowns na AS FAR, kuwa na taji la bara la wanaume na la wanawake pia.

Taji la Mazembe lilikuwa na faida nyingine kwa majirani zake, kwa jinsi nafasi zinavyogawanywa. Timu nane hushiriki fainali za Afrika: kila moja ya kanda sita hupata nafasi moja, mwenyeji ya saba, na ya nane huenda kwa ukanda wa bingwa mtetezi, ndiyo maana ukanda wa Kongo, ambao si wa CECAFA, uliweza kunufaika mwaka uliofuata. CECAFA haijawahi kutoa bingwa, hivyo nchi zake zote zimekuwa zikigombea tiketi moja tu kila mwaka. Mwaka 2025 tiketi hiyo ilikwenda na JKT Queens hadi Misri, ambako ilipangwa kundi moja na Mazembe na ASEC Mimosas ya Ivory Coast na kutolewa katika hatua ya makundi, na taji la mwaka huo likachukuliwa na AS FAR.