Nukta nundu

Ukimwambia mfugaji wa Mwamapalala, wilayani Itilima mkoani Simiyu, neno nundu, ataona mgongo wa ng'ombe wake. Nundu hiyohiyo ndiyo iliyotupa nukta nundu, jina la maandishi ya wasioona. Nukta tumeipata kwa Waarabu. Wapo wanaosema breli, kutokana na Mfaransa Louis Braille, aliyepofuka utotoni na kuchapisha mfumo wake mwaka 1829. Mimi nachagua nukta nundu, kwa sababu anayelisikia mara ya kwanza anaelewa kwamba kuna kitu kilichotuna na kidole kinaweza kukisoma.

Kosa moja linanikera: "lugha ya nukta nundu". Hakuna lugha hiyo. Ni maandishi tu, kama yalivyo haya unayoyasoma. Kila herufi ina nafasi sita za nukta. Nukta moja ni herufi a, mbili zilizosimama wima ni b, tatu ni l. Mtoto wa Itilima asiyeona akisoma hivyo, anasoma Kiswahili kilekile cha wenzake. Tukiiita lugha, tunamfanya mgeni darasani, na kitabu chake tunakiona kama hisani.

Kitabu hicho ni kinene, karatasi yake ni ngumu, na kukichapa ni ghali. Tanzania ilijiunga mwaka 2020 na Mkataba wa Marrakesh, unaoruhusu vitabu kugeuzwa kwa ajili ya wasioona bila kuomba kibali cha mwenye hakimiliki. Ruhusa ipo. Wachapishaji na wakuu wa maktaba, itumieni, na vitabu vifike hadi Simiyu.