Mvunaji wa Miró

Mwezi Julai 1937, vita vya wenyewe kwa wenyewe vikikaribia kutimiza mwaka, serikali ya Jamhuri ya Hispania ilifungua banda lake katika Maonyesho ya Kimataifa ya Paris. Humo ndimo ulimwengu ulipoiona kwanza Guernica ya Pablo Picasso. Humo pia, ukutani penye ngazi, Joan Miró alimchora mkulima wa Kikatalani mwenye kofia ya jadi, ameinua mundu. Mchoro huo, Mvunaji, ulikuwa na kimo cha mita tano na nusu hivi.

Mundu ule ulibeba historia. Wimbo wa taifa wa Wakatalani, Els Segadors, yaani Wavunaji, unakumbuka uasi wa 1640, na wavunaji walikuwa miongoni mwa walioanza kuinuka. Mkatalani aliyepita penye ngazi ile hakuhitaji mkalimani.

Kazi hizo mbili zilitofautiana kwa majaliwa. Guernica ilichorwa kwenye turubai, ikakunjwa, ikasafiri, ikakaa New York miaka mingi na kurejea Hispania 1981. Mvunaji ulichorwa juu ya vibao sita vya nyuzi zilizoshindiliwa, vilivyokuwa sehemu ya jengo. Maonyesho yalipokwisha, banda lilivunjwa. Inaaminika kwamba vibao vilipelekwa Valencia, havijaonekana tena.

Mwaka 1992 banda lenyewe lilijengwa upya mjini Barcelona kwa kufuata usanifu wa Josep Lluís Sert na Luis Lacasa. Jengo huweza kurudishwa kwa vipimo, lakini rangi hazina vipimo. Picha zilizosalia za Mvunaji ni za nyeusi na nyeupe: zinaonyesha mkono, mundu na mkato wa brashi, basi. Anayetaka kuuchora upya hulazimika kutazama Aidez l'Espagne, chapa ya Miró ya mwaka uleule, yenye mkulima aliyekunja ngumi katika nyekundu, manjano na buluu. Huyo ni ndugu wa Mvunaji, na ndugu hashuhudii yote.

Mali bila daftari huisha bila habari, walisema wahenga. Hapa daftari limebaki, ila ukurasa wa rangi umechanika. Atakayeujaza kwa kukisia, kisha akauita asili, atakuwa ameupoteza mchoro mara ya pili. Mwaminifu ataonyesha wazi picha inapokomea na mkono wake unapoanzia.