Pudini ya maembe na barabara ya Ujiji

Tuseme mwaka 1874 mtu wa Ujiji alitamani kuoka krambo, ile pudini ya matunda yanayofunikwa kwa chengachenga za unga, mafuta na sukari. Angeanzia sokoni, na kabla ya kununua chochote angetafuta kwanza fedha ya soko. Verney Lovett Cameron, ofisa wa jeshi la majini la Uingereza aliyefika mjini hapo Februari mwaka huo, ameeleza mambo yalivyokwenda. Fedha ndogo ya Ujiji ilikuwa sofi, shanga zilizofanana na vipande vya mtemba uliovunjika. Asubuhi palikuwa na watu wenye mikoba iliyojaa sofi. Mnunuzi alibadilisha kwao, akaingia sokoni, na soko lilipofungwa wauzaji waliwarudishia watu wale wale sofi zao. Wenye mikoba walipata faida kwenda na kurudi. Mawakala wa pesa za simu wasidhani biashara yao ilianza juzi.

Akishapata sofi zake, mpishi wetu angeanza na mafuta, na hapo asingehangaika. Richard Burton, aliyefika Ujiji na John Speke Februari 1858, aliikuta michikichi imeota ufukweni na mawese yakiuzwa. Chumvi ingetoka Uvinza, kwenye chemchemi ambazo watu wamekuwa wakichemsha maji yake kupata chumvi kwa zaidi ya miaka elfu moja. Asali ilikuwepo. Miwa nayo ilikuwepo, ila ya kutafuna. Sukari yenyewe ilipanda kutoka pwani mabegani mwa wapagazi, na kwa mwendo wa miezi kutoka Bagamoyo mtu anaweza kukisia bei yake ilipofika ziwani.

Kwenye unga angekwama. Ngano ililimwa Unyanyembe, karibu na Tabora ya leo, na Waarabu waliokuwa wamelowea huko, na ilikuwa chakula chao na wageni wao. Ujiji ilikula muhogo, mtama, mahindi na samaki.

Ndiyo maana naona krambo ni kipimo kizuri cha historia ya mji huu, ingawa si chakula cha hapa kwa asili. Ndani yake kuna vitu vinne au vitano tu, na karibu vyote vilifika Kigoma kwa njia moja, kwanza kwa miguu kisha kwa reli. Kilichokuwepo ufukweni tangu mwanzo ni mafuta. Na mafuta ndiyo yanayoamua kama chengachenga zitakuwa chengachenga au zitageuka uji.

Matunda nayo yana safari yake. Embe asili yake ni Bara Hindi na nchi za jirani zake, lakini pwani yetu imelijua zamani sana. Ibn Battuta alipopita Mogadishu mwaka 1331 alikuta maembe mabichi yakitengenezwa achari na kuliwa na wali, na akaeleza kwamba yakiiva huwa matamu. Kutoka pwani miembe iliingia bara na misafara. Simulizi inayopendwa na waongoza watalii husema kwamba miembe iliyopo kwenye njia ya utumwa iliota kutokana na kokwa zilizotupwa na wapagazi na watumwa. Inawezekana mingine iliota hivyo. Mimi nina shaka na ile iliyosimama kwa mstari ulionyooka, maana kokwa ya kutupwa haijipangi. Mwembe ulipandwa penye makazi na vituo kwa ajili ya kivuli, na mtu aliyepanda alijua atakaa miaka kadhaa kabla ya kula. Ulikuwa mti wa aliyekusudia kukaa.

Ujiji ina mwembe maarufu kuliko yote. Inaaminika kwamba chini yake ndipo Henry Morton Stanley alipomkuta David Livingstone, tarehe ambayo Stanley mwenyewe aliiandika kuwa 10 Novemba 1871. Mti wa awali ulishakufa, na iliyopo kwenye kumbukumbu ya Livingstone husemwa ni uzao wake. Salamu ya siku ile inajulikana hadi na watoto wa shule. Kwa makala ya mapishi, kilicho muhimu zaidi ni chakula. Wakati wageni wale wawili wakizungumza barazani, majirani walileta sahani. Sayd bin Majid alipeleka vitumbua vya nyama vya moto, Mohammed bin Sali kuku wa mchuzi wa bizari, na Mwinyi Kheri nyama ya mbuzi na wali. Kitamu hakimo katika sahani hizo tatu. Huu ndio ukarimu wa Kiswahili uliofika ziwani ukiwa umekamilika, wenye mchuzi na wali na desturi ya kumpelekea jirani mwenye mgeni, na tunda likaliwa likiwa tunda.

Reli ndiyo iliyobadili jiko. Wajerumani waliifikisha Kigoma mapema mwaka 1914, kilomita zaidi ya 1,200 kutoka Dar es Salaam, na mzigo uliokuwa ukibebwa kwa miezi ukaanza kufika kwa siku. Ujiji, iliyokuwa bandari ya misafara, ikaachwa kando kidogo, na Kigoma yenye maji ya kina ikapata stesheni, gati na miembe yake barabarani. Vita vikaingia, Wabelgiji wakaushika mji kuanzia 1916, na walipouachia Waingereza mwaka 1921 walibaki na eneo lao bandarini kwa kodi ya faranga moja kwa mwaka, ili mizigo ya Kongo na Ruanda-Urundi ipite bila usumbufu. Katika mizigo ya namna hiyo unga wa ngano na sukari havikukosekana. Duka la Mhindi liliuza vyote viwili kwa kipimo kidogo, na hapo ndipo maandazi, chapati na mkate wa kumimina vilipoacha kuwa vyakula vya sikukuu peke yake.

Krambo yenyewe wakati huo ilikuwa bado haijapata jina kubwa hata huko Uingereza inakohesabiwa kuwa ya kwao. Iliyowafanya watu waizoee ni njaa ya mafuta. Kuanzia Januari 1940 siagi na sukari ziligawiwa kwa kadi, na kwa kipindi kirefu mgao wa siagi ulikuwa kama gramu 57 kwa mtu kwa wiki. Kwa kiasi hicho huwezi kutandaza chapati ya unga juu ya matofaa na nyingine chini yake. Unaweza kusugua mafuta kidogo kwenye unga, ukachanganya na shayiri au makombo ya mkate, ukanyunyiza juu ya matunda na kuoka. Kwa hiyo pudini ambayo leo inauzwa mahotelini kwa bei ya kujivunia ilienea kama hila ya jiko lililofilisika.

Na njaa hiyo hiyo ya mafuta ikaja kutufikia. Vita vilikwisha, mgao ukabaki. Mwaka 1946 Frank Samuel wa United Africa Company, kampuni tanzu ya Unilever, alipendekeza kulima karanga Tanganyika kwa mashine ili Waingereza wapate mafuta ya kula. Serikali ikakubali. Lengo lilikuwa zaidi ya ekari milioni tatu, na maeneo yaliyochaguliwa yalikuwa Kongwa, Nachingwea na Urambo. Yaliyotokea yanajulikana. Matrekta yaliyobaki kutoka vitani yalikatika kwenye visiki, udongo wa Kongwa ulikauka ukawa mgumu kiasi kwamba karanga hazikung'oka, mvua haikufuata ratiba ya London. Januari 1951 mradi uliachwa, na pauni milioni 36 zikafutwa kwenye vitabu. Urambo baadaye ikawa nchi ya tumbaku.

Urambo iko kwenye reli ya Kigoma. Treni ileile iliyoshusha mashine za kutafutia mafuta ingeendelea kama kilomita 300 hivi, ingefika kwenye ufuko ambako mafuta yanachuruzika kutoka kwenye mti bila trekta. Sisemi kwamba michikichi ya nyuma ya nyumba za watu wa Ujiji ingeilisha Uingereza, maana isingetosha. Ila katika kishindo chote kile cha mafuta, mti ambao Burton aliueleza miaka karibu tisini kabla haukupewa hata sehemu ndogo ya pesa zilizofukiwa Kongwa. Naomba wanaoandika historia ya mradi ule wautaje angalau mara moja.

Mtu mzima wa Kigoma halazimiki kuelezwa maana ya mgao. Baada ya Vita vya Kagera vya 1978 na 1979 nchi iliishiwa. Sukari, unga wa ngano na sabuni vilipangiwa foleni, na mwaka 1983 serikali ikaendesha msako wa wahujumu uchumi. Magendo ya ziwani yalikuwa na kazi. Katika uhaba ule mkoa huu uliteseka kama mingine, lakini kwenye mafuta ulikuwa na pa kushika. Mawese yalipikia, na mawese yalitengenezea sabuni. Aliyetaka kitamu alirudi kule alikokuwa mtu wa 1874, kwenye asali, muwa na embe.

Krambo iliingia majumbani polepole na kwa milango mingi, kwenye majiko ya wamisionari, kwenye darasa la sayansi kimu, hotelini, na siku hizi kwenye simu za vijana wanaopenda kupika. Wengi hudhani haiwezekani bila oveni. Si kweli, na pwani ilishalijibu swali hilo zamani. Anayejua kupalia mkaa kwa mkate wa sinia anajua kuoka krambo.

Kazi yenyewe huanza kwenye embe. Dodo lililoiva sana halifai, litatoa maji na kulowesha unga. Chagua lililoanza kulainika upande mmoja huku upande wa pili ukiwa bado unakataa kidole. Embe la asili lenye nyuzi lina ladha kali nzuri, ila nyuzi zitakaa menoni mpaka kesho. Menya, kata vipande vya ukubwa wa kidole gumba, kamulia ndimu, tia iliki iliyotwangwa na tangawizi kidogo. Sukari onja kwanza. Novemba na Desemba, maembe yanapofurika, mara nyingi haihitajiki kwenye matunda kabisa.

Kisha chengachenga. Vikombe viwili vya unga, nusu kikombe cha sukari, chumvi ya kubana kwa vidole viwili, na mafuta magumu robo kikombe hadi theluthi. Sugua kwa ncha za vidole, usikande. Viganja vina joto, vitayeyusha mafuta na utajikuta na donge la chapati. Ukiona unga umekuwa kama mchanga wa pwani uliolowa manyunyu, simama hapo hapo. Nyunyiza juu ya maembe bila kushindilia. Sufuria iwekwe kwenye jiko lenye makaa machache, funika kwa kifuniko cha bati au sinia, na makaa mengi yapaliwe juu. Kosa la kawaida ni kuweka moto mkubwa chini, matunda yanaungua na juu panabaki peupe. Baada ya nusu saa inua kifuniko kwa uangalifu, majivu yasiingie. Pembeni rojo ikitokota na juu pakiwa pamekuwa rangi ya andazi, imeiva.

Wengi hutumia majarini, na kwa miongo mingi iliyopendwa zaidi ilikuwa Blue Band, wakati huo bidhaa ya Unilever, nyumba ileile iliyomzaa Frank Samuel wa karanga. Mafuta ya kampuni ile yalitufikia hatimaye, yakiwa kwenye kopo.

Mawese mekundu yanakubali kazi hii pia, kwa masharti. Asubuhi ya baridi huwa yamejikusanya na kuwa mazito, na uzito huo ndio unaotakiwa, maana mafuta ya maji hayashiki unga kwa chengachenga. Mnunuzi mzoefu Ujiji, baada ya shikamoo na kuulizana hali, huomba kunusa. Mawese ya zamani yana ukali ambao hata iliki haiufichi. Mapya huleta chengachenga za rangi ya machungwa na ladha nzito ambayo mimi naipenda pamoja na embe, na ambayo wageni wa Dar es Salaam huiacha pembeni mwa sahani kwa adabu.

Huenda hali ikabadilika. Tangu 2018 serikali imeisukuma michikichi Kigoma, na kituo cha utafiti cha TARI Kihinga kinazalisha mbegu za tenera, ambazo tunda lake lina nyama nyingi na ganda jembamba kuliko dura waliyorithi wakulima wengi. Lakini kiwanda cha kisasa kikisafisha mawese huyatenganisha. Sehemu isiyoganda hutiwa kwenye chupa na kuuzwa kuwa mafuta ya kupikia. Sehemu inayoganda huenda kwenye majarini na sabuni. Anayeoka krambo anaitaka hiyo ya pili, kwa hiyo mafuta yakijaa madukani bado itambidi aulize yale ya mgando, au aamke mapema aende kwa wauza mawese kabla jua halijapanda.