Malimbikizo ya Fidia ya Ulemavu kwa Askari wa Zamani wa Marekani: Tarehe Moja Huamua Kiasi cha Malipo

Askari wa zamani wa Marekani aliyepata jeraha au maradhi kutokana na utumishi wake jeshini anastahili kulipwa fidia ya ulemavu kila mwezi. Fidia hiyo hutolewa na Wizara ya Masuala ya Askari wa Zamani ya nchi hiyo, na kiwango chake hupangwa kwa asilimia kuanzia 10 hadi 100, kulingana na kadiri ulemavu unavyompunguzia mtu uwezo wa kujipatia riziki. Kwa kuwa uamuzi juu ya ombi huweza kuchukua miezi mingi, na rufaa huweza kuchukua miaka, fedha za kipindi chote cha kusubiri hulipwa baadaye kwa mkupuo. Fedha hizo ndizo malimbikizo.

Wengi hudhani kuwa malimbikizo huhesabiwa tangu siku askari alipoumia. Sivyo ilivyo. Huhesabiwa tangu tarehe ambayo sheria inaitambua kuwa ndiyo mwanzo wa haki ya kulipwa, na tarehe hiyo ikisogea mbele au nyuma kwa miaka michache, mlipwaji huongezewa au hupunguziwa maelfu ya dola.

Kanuni ya msingi

Kwa mujibu wa sheria, tarehe ya kuanza kustahili ni siku ambayo Wizara ilipokea ombi, au siku ambayo mwombaji alitimiza masharti ya kulipwa, kutegemea ipi ilikuja baadaye. Malipo yenyewe huanza siku ya kwanza ya mwezi unaofuata. Kwa mfano, mtu ambaye tayari alikuwa na ulemavu, ombi lake likapokelewa tarehe 15 Machi, 2022 na kukubaliwa mwishoni mwa Novemba, 2023, huhesabiwa kuanzia tarehe 1 Aprili, 2022. Atakuwa na malimbikizo ya miezi 20.

Iwapo asilimia ya ulemavu ilibadilika katika kipindi hicho, kila sehemu huhesabiwa kwa kiwango chake. Malimbikizo hayaongezwi riba, na hayatozwi kodi ya mapato ya serikali kuu.

Kanuni hii ina vighairi. Kilicho muhimu zaidi kinamhusu askari anayewasilisha ombi ndani ya mwaka mmoja tangu aachiliwe jeshini. Huyo huhesabiwa kuanzia siku iliyofuata kuachiliwa kwake. Mwaka huo ukipita, nafasi hiyo hupotea.

Uzito wa sharti hilo ulidhihirika katika shauri la Adolfo Arellano, aliyetumikia Jeshi la Majini kati ya mwaka 1977 na 1981. Ombi lake liliwasilishwa mwaka 2011, takriban miaka 30 baadaye, na likakubaliwa. Alipodai malipo ya miaka iliyotangulia, hoja yake ilikuwa kwamba maradhi ya akili aliyoyapata kazini ndiyo yaliyomzuia kufahamu haki yake. Januari, 2023 Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua kwa kauli moja kwamba muda wa mwaka mmoja hauwezi kurefushwa kwa sababu za huruma, kwa kuwa Bunge lenyewe limekwisha kuorodhesha vighairi vyote linavyovikubali. Malipo yake yakabaki kuanzia mwaka 2011.

Sheria inaporudi nyuma

Yapo mazingira ambayo malipo hurudi nyuma kwa miaka mingi. Kati ya mwaka 1962 na 1971, majeshi ya Marekani yalinyunyiza nchini Vietnam viuagugu, kikiwemo kile kijulikanacho kama Agent Orange. Mwaka 1986 askari wa zamani walifungua shauri la pamoja, maarufu kwa jina la Nehmer, na mwaka 1989 mahakama mjini San Francisco ilibatilisha kanuni iliyotumika kuwanyima fidia. Makubaliano yaliyofikiwa mwaka 1991 yaliiwajibisha Wizara kuyapitia upya maombi iliyoyakataa, kila inapotambua ugonjwa mwingine unaohusiana na kemikali hizo, na kulipa kuanzia tarehe ya ombi la awali.

Hivyo basi, ugonjwa wa moyo utokanao na kuziba kwa mishipa na ugonjwa wa Parkinson vilipoongezwa kwenye orodha mwaka 2010, watu waliokataliwa miaka mingi kabla walilipwa tangu walipoomba. Pale mhusika alipokuwa amekwisha kufariki dunia, malipo yalielekezwa kwa mwenzi, watoto, wazazi au mirathi yake.

Sheria ya PACT, iliyosainiwa tarehe 10 Agosti, 2022, ilipanua haki hizo kwa walioathiriwa na moshi wa mashimo ya kuchomea taka katika kambi za Irak na Afghanistan, na iliongeza shinikizo la damu katika orodha ya maradhi ya Agent Orange. Waliowasilisha maombi ndani ya mwaka mmoja walihesabiwa tangu siku sheria iliposainiwa. Muda huo ulisogezwa hadi tarehe 14 Agosti, 2023. Kwa waliochelewa, mlango wa kurudi hadi siku hiyo ulifungwa.

Wastaafu wenye pensheni ya jeshi

Kwa zaidi ya karne moja, mstaafu mwenye pensheni ya jeshi hakuruhusiwa kuipokea kamili pamoja na fidia ya ulemavu. Kila dola ya fidia ilikatwa kutoka katika pensheni. Kuanzia mwaka 2003 na 2004 Bunge liliweka taratibu mbili za kulegeza katazo hilo: fidia maalumu kwa ulemavu uliotokana na mapigano, na malipo ya pamoja kwa wastaafu wenye ulemavu wa asilimia 50 au zaidi waliotimiza masharti ya utumishi.

Fidia maalumu ndiyo iliyozaa shauri la Simon Soto, aliyekuwa askari wa kikosi cha Marine na kutumikia Irak. Aliomba mwaka 2016, akakubaliwa, lakini malimbikizo yake yakawekewa ukomo wa miaka sita kwa kutumia sheria ya jumla ya madai dhidi ya serikali. Tarehe 12 Juni, 2025 Mahakama ya Juu iliamua kwa kauli moja kwamba ukomo huo hauhusiki, kwa kuwa sheria ya fidia maalumu ina utaratibu wake wa kushughulikia madai.

Arellano alishindwa na Soto akashinda, mbele ya mahakama ileile. Katika mashauri yote mawili majaji walipima maneno ya Bunge, wala si ukubwa wa mateso ya mdai.

Namna ya kulinda tarehe

Mtu ambaye hajakamilisha nyaraka anaweza kuwasilisha taarifa ya nia ya kuomba. Akikamilisha ombi ndani ya mwaka mmoja, tarehe ya taarifa hiyo huhesabiwa kuwa tarehe ya ombi. Ombi likikataliwa, mwombaji ana mwaka mmoja wa kuleta ushahidi mpya, kuomba mapitio ya afisa wa ngazi ya juu au kukata rufaa kwenye Bodi, huku akihifadhi tarehe yake ya awali. Akinyamaza mwaka mzima, uamuzi huwa wa mwisho, na kwa kawaida ombi jipya huja na tarehe mpya. Hata hivyo, uamuzi wenye kosa la wazi lisilobishaniwa unaweza kurekebishwa wakati wowote.

Vyama vya askari wa zamani vilivyoidhinishwa husaidia kuandaa maombi bila malipo. Wakili haruhusiwi kutoza ada kwa ombi la awali. Katika hatua za baadaye, ada isiyozidi asilimia 20 ya malimbikizo huchukuliwa kuwa ya haki.

Aidha, fidia hii haitegemei uraia. Msingi wake ni utumishi na namna mhusika alivyoachiliwa jeshini. Kwa hiyo wahamiaji waliolitumikia jeshi la Marekani, wakiwemo waliotoka Afrika Mashariki, wana haki ileile ya kuomba, hata kama wanaishi nje ya nchi hiyo. Nao wanabanwa na kalenda ileile: ombi lililopokelewa leo huanza kuhesabiwa leo, na lililobaki nyumbani halihesabiwi.