Polisi Wakikataa Kuandika Kesi Yako: Mlango wa Zamani Ambao Haujafungwa

Vijana wenzetu, leo tunaandika juu ya jambo linalotusumbua sana hapa Kisugu. Mtu amepigwa, ama mwenye nyumba amemtupia vitu nje. Anaenda polisi, afande anamwambia: "Hiyo si kesi, mumalizane nyumbani." Ama anaombwa pesa ya karatasi. Ama lugha inamshinda, anarudi kimya. Wengi wetu tunafikiri sheria inaishia hapo. Historia inatuambia tofauti.

Zamani Uingereza, polisi kama hawa wa leo hawakuwepo. Polisi wa London walianzishwa 1829. Kabla ya hapo, aliyeibiwa au kupigwa ndiye aliyempeleka mkosaji wake mbele ya hakimu. Polisi walipokuja, haki hiyo ya mtu wa kawaida haikufutwa. Waingereza walipotawala Uganda walileta sheria zao, na hiyo ikawemo ndani ya mzigo. Baada ya uhuru, Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya 1970 ikaiandika wazi: mtu mwenye sababu nzuri ya kuamini kwamba kosa limetendeka anaweza kumlalamikia hakimu moja kwa moja, kwa mdomo au kwa maandishi. Hakimu anaangalia kama kweli kuna kosa na si uchokozi tu, tena anashauriana na chifu wa eneo. Akiridhika, anaandika mashitaka na mshitakiwa anaitwa.

Angalieni neno hilo: sheria inasema "mtu", haisemi "raia". Na Mkataba wa Wakimbizi wa 1951, kifungu cha 16, unampa mkimbizi haki ya kufika mahakamani. Sheria ya Wakimbizi ya Uganda ya 2006 nayo inakubali hivyo hivyo. Kwa hiyo sisi tumo.

Je, kuna waliowahi kujaribu? Wapo, tena karibu na kwetu. Julai 2016 polisi walichapa kwa fimbo wafuasi wa Kizza Besigye kwenye barabara za Kampala. Polisi hawawezi kujishitaki wenyewe, basi mawakili wakaenda mahakama ya Makindye, divisheni yetu hii, wakafungua kesi ya watu binafsi. Mahakama ikamwita mkuu wa polisi wa nchi nzima wakati huo, Jenerali Kale Kayihura, pamoja na maofisa wengine. Siku ya kesi, mwezi wa nane, hakutokea, na umati wa watu ukazingira mahakama kupinga kesi. Kesi haikufika mbali.

Tusidanganyane basi: mlango huu upo, lakini ni mzito. Katiba ya 1995 inamruhusu Mkurugenzi wa Mashitaka kuichukua kesi ya mtu binafsi, na hata kuisimamisha mahakama ikikubali. Lakini ile siku ya Makindye inatufundisha kitu. Kama mkuu wa polisi mwenyewe aliweza kuitwa na hakimu, jirani aliyekupiga hawezi kusema yeye haguswi.

Kabla ya kufika huko kuna milango myepesi. Unaweza kupanda kwa mkubwa wa kituo, kisha kwa kamanda wa polisi wa wilaya, kwa barua. Polisi wenyewe wana kitengo cha nidhamu kinachopokea malalamiko juu ya maafande. Kuna Tume ya Haki za Binadamu ya Uganda, iliyoundwa na hiyo Katiba ya 1995. Kwa msaada wa mawakili kuna Refugee Law Project, inayofanya kazi na wakimbizi tangu 1999.

Popote utakapoenda, utaulizwa ushahidi. Andika siku na saa uliyofika polisi, na jina au namba ya afande aliyekukataa. Kama walikuandika, omba namba ya SD; kuandikisha malalamiko hakulipiwi. Tunza karatasi za hospitali, na picha kama zipo. Pata barua ya mwenyekiti wa LC1. Kama Kiganda na Kiingereza vinakushinda, nenda na mtu wa kukutafsiria, usiende peke yako.

Kukataliwa na afande mmoja siyo hukumu. Hukumu inatolewa na hakimu, na kwa hakimu hata sisi tunaruhusiwa kuingia. Mtumie huyu ujumbe mama au dada ambaye alirudi kimya.