Betri ya Gari na Swali la Owino Uhuru

Anayekwenda dukani kubadilisha betri ya gari huulizwa ukubwa wa injini na kiasi cha fedha alichonacho. Fundi makini atatazama pia iwapo betri inakaa sawasawa mahali pake, iwapo nguzo chanya iko upande uleule, na tarehe ya kutengenezwa, kwa kuwa betri huchakaa hata ikiwa rafuni. Hayo yote ni ya lazima. Lakini lipo swali ambalo historia inatudai: ile ya zamani itakwenda wapi?

Betri ya risasi na asidi ilibuniwa na Mfaransa Gaston Planté mwaka 1859, kabla ya magari ya petroli. Magari hayo yalipokuja, yaliwashwa kwa kuzungusha hendeli, kazi iliyovunja mikono ya wengi. Mwaka 1912 kampuni ya Cadillac ya Marekani iliuza magari yenye stata ya umeme, iliyobuniwa na Charles Kettering. Stata ilihitaji betri yenye nguvu, na risasi ikapata makao ya kudumu ndani ya gari.

Risasi huyeyuka kwa joto dogo, hivyo betri iliyokufa huvunjwa na madini yake yakatumika tena. Hilo ni jema. Hata hivyo, moshi na vumbi lake ni sumu, na huharibu ubongo wa mtoto. Mahali pasipo na uangalizi, faida huenda kwa mwenye kiwanda na sumu hubaki kwa jirani.

Ndivyo ilivyokuwa Owino Uhuru, mtaa wa wanyonge mjini Mombasa. Mwaka 2007 kiwanda cha kuyeyusha betri chakavu kilianza kazi kando ya nyumba za watu. Phyllis Omido, aliyeajiriwa humo, aligundua kwamba mwanawe mchanga alikuwa na risasi katika damu. Aliwaongoza wakazi kudai haki, akakamatwa, hakunyamaza. Kiwanda kilifungwa mwaka 2014. Mwaka 2020 mahakama iliamuru wakazi walipwe shilingi bilioni 1.3, Mahakama ya Rufani ikatengua amri hiyo mwaka 2023, Mahakama ya Juu ikairejesha Desemba 2024. Waliobebeshwa lawama hawakuwa wenye kiwanda peke yao, bali pia taasisi za serikali zilizopaswa kuwalinda raia.

Tangu kiwanda kuwashwa hadi hukumu ya mwisho ilipita miaka 17. Mtoto aliyezaliwa katika moshi ule alikuwa akikaribia utu uzima.

Basi, mtumishi wa umma anayeandaa zabuni ya betri za magari ya serikali aweke sharti la kurejesha zile kuukuu kwa msindikaji mwenye kibali kinachokaguliwa kweli. Nasi wengine, tukiambiwa bei hupungua ukiacha betri ya zamani dukani, tuulize inapelekwa kwa nani. Betri iliyo sahihi ni ile inayoliwasha gari letu bila kumtia sumu mtoto wa mwingine.